Gari Lililokunywa Chai ya Idi

Watu wa Birmingham wana adabu zao. Hata wakikunyang'anya kitu, watakuomba radhi kwanza. Ndivyo yalivyomkuta Sugow mwaka 2008, alipokwenda kuhuisha leseni ya teksi yake akaambiwa na dada mmoja mpole wa dirishani kwamba anasikitika mno, ila gari limepita umri. Kanuni mpya ilisema teksi nyeusi ikishavuka miaka kumi na mitano haipewi leseni tena, isipokuwa mwenyewe athibitishe kwamba iko katika hali ya kipekee. Dada akatabasamu. Sugow naye akatabasamu, maana maneno yalikuwa hayajamwingia bado, akauliza asaini wapi.

Yalimwingia alipofika nje. Alisimama kando ya gari lake jeusi, Fairway ya mwaka 1991 yenye taa za mviringo, akaweka kiganja juu ya paa.

"Kanjo," akasema peke yake, kwa uchungu.

Sugow ni Msomali wa Kenya, kalelewa Eastleigh, Nairobi, na kwa mtu wa Eastleigh serikali ya mji ina jina moja tu. Iwe inafukuza wachuuzi River Road au inahesabu umri wa teksi Uingereza, ni kanjo hiyo hiyo.

Sasa usidhani mtu huyu alikuwa na wazimu wa magari. Wapo wanaume hapa mjini wanaoosha gari Jumapili mpaka unaona haya kuwatazama, lakini Sugow hakuwa mmoja wao. Kilichomshika kwenye lile gari ni harufu.

Mkewe, Saido, alifariki mwaka 2005. Kabla ya hapo, kila Alhamisi jioni, alikuwa akitoka na chetezo chake cha udongo chenye makaa, akidondosha juu yake uunsi, ule uvumba ambao wanawake wa Kisomali huupika wenyewe nyumbani kwa sukari na udi na marashi, kisha anakifungia chetezo ndani ya teksi kama anavyofukiza nguo zake za kutokea. Moshi unapanda, unatanda kwenye kitambaa cha dari, unatulia humo. Majirani Waingereza walichungulia mwanzoni, wakazoea. "Dereva akitoka kwangu atoke ananukia," Saido alikuwa akisema. "Abiria wajue huyu ana mwenyewe."

Baada ya mazishi, nguo zake zilitolewa sadaka, zulia likabadilishwa, na shemeji mmoja mwenye bidii akapaka kuta rangi ili Sugow asahau. Nyumba ikanuka rangi. Garini hakuna aliyefikiria kugusa. Basi kila asubuhi, milango ikiwa imefungwa usiku kucha, Sugow alifungua, akaingia, akafunga haraka kabla hewa haijachanganyika, na hapo Saido alikuwepo. Si kivuli wala ndoto, ni harufu ya shingo yake na shela yake. Alikaa naye kidogo ndipo akatia ufunguo. Jambo hilo hakumwambia mtu. Lakini usiku ule wa siku ya dirishani alijua wazi kwamba wakilitoa gari barabarani atakuwa amefiwa mara ya pili, na safari hii alikusudia kupigana.

Nyumbani alikuwa na binti mmoja, Sagal, wa miaka kumi na minne. Sagal kazaliwa hapa. Kiswahili anakisikia chote, na Kisomali pia, lakini hujibu kwa Kiingereza, na mazungumzo ya nyumba ile yalikwenda hivyo, baba kwa lugha hii, binti kwa ile, na chai ikanywewa. Tangu mazishi Sugow hakuwa amelitaja jina la Saido mbele yake. Aliona anamkinga mtoto asiumie. Sagal mwanzoni aliuliza hili na lile, mama alikuwa anapenda nini, mama alisema nini siku fulani, na kila mara baba akakumbuka ghafla kwamba ana abiria wa kumwahi. Mwisho akaacha kuuliza. Wakaishi kwa heshima kubwa, kama wapangaji wawili.

Mtu wa kwanza kuambiwa habari ya kanjo alikuwa Gurmit. Huyu ni Singasinga wa Nakuru, kaja Birmingham kijana na Kiswahili chake mfukoni, akafanya kazi kiwanda cha magari cha Longbridge mpaka malango yalipofungwa. Sasa alikuwa na gereji ndogo chini ya matao ya reli kule Digbeth. Alilala chini ya teksi na tochi, akatoka na grisi kwenye ndevu.

"Sikia, Sugow. Hii injini iko sawa kuliko moyo yangu. Hii watu nataka kutupa kitu nazima kwa sababu ya birthday?"

"Ndiyo sheria mpya."

"Basi sheria nayo iletwe hapa chini nikague."

Tangu kiwanda kife, Gurmit alikuwa na mazoea ya kuomba lifti isiyo na maana yoyote. "Pitia Longbridge," angesema, na Sugow angepitia. Walienda polepole kando ya ukuta, na kila mara ukuta ulikuwa umepungua. Mahali palipokuwa na karakana ya Gurmit palikuwa na vifusi, kisha uwanja, kisha bango kubwa lenye picha ya maduka na familia inayocheka. Gurmit alihesabu kwa kidole: hapa geti, hapa kantini, hapa tulipokuwa tukicheza karata shifti ya jioni. Sugow aliyasikiliza yote bila kuchoka, kwa kuwa na yeye alikuwa na kiwanda chake kilichofungwa, isipokuwa chake bado kilikuwa na dari.

Na siku hizo, akisubiri abiria foleni ya stesheni ya New Street, kumbukumbu zilimjia bila hodi. Wanafunzi wa Selly Oak wakibebana kwenye kiti cha nyuma, mmoja akinusa na kuuliza kama hii ni teksi au duka la marashi. Bibi wa Kijamaika aliyegoma kushuka mpaka aambiwe jina la huo uvumba. Na zaidi ya wote Thérèse, aliyemkuta stendi ya mabasi ya Digbeth mvua inapiga, na watoto wake wawili, Landry na Héritier, wamejifunika blanketi moja. Sugow alikuwa anawapita. Akasikia mama anamwambia mtoto, "Kuya huku, utalowana." Alikanyaga breki. Miaka mingi hakuwa amesikia Kiswahili kinasemwa barabarani na mtu asiyemfahamu. Wakaingia, Thérèse akavuta pumzi, akapiga ishara ya msalaba. "Bwana, humu munanukia kama kanisa," akasema. Sugow alipompelekea Saido habari hiyo, Saido alisema, "Kanisa tena!" na Jumamosi yake akafunga safari kwenda kumwona mama wa Bukavu aliyeita uunsi wake kanisa. Wakawa mashoga tangu hapo.

Thérèse ndiye aliyemsukuma kwa wakili. "Baba Sagal, usikubali. Mi nitakuya ku tribunal, nitaapa na Biblia. Nitabaambia ile motokari ilitubeba na batoto bangu, na mvua ilikuwa inanyesha. Vraiment, kweli kabisa, gari kama ile banaitupaje?"

Wakili aliitwa Kishore. Alikuwa na ofisi juu ya duka la vitambaa Stratford Road, na tabia ya kutocheka kabla ya saa sita mchana. Alikwisha kupokea madereva wengine waliokumbwa na kanuni ile ile, kila mmoja na gari lake, lakini rufaa ya Sugow ndiyo ingekuwa ya kwanza kusikilizwa. Hoja yake ilikuwa nyepesi kueleweka. Halmashauri ina haki ya kuweka kanuni, alisema, na nia yao si mbaya, wanataka abiria wawe salama na hewa iwe safi. Ila haina haki ya kujifunga macho kwa kanuni yake. Lazima iliangalie kila gari kwa hali yake lenyewe. Na likiangaliwa gari la Sugow, nani atakataa kwamba ni la kipekee?

"Lakini nikuulize jambo," Kishore akasema. "Hata tukishindwa, gari linabaki lako. Hulazimiki kulitupa. Litie nyuma ya nyumba, ununue jingine la kazi. Kwa nini tusifanye hivyo?"

Sugow alitafuta jibu la kisheria, hakulipata, akatoa la kweli nusu. "Gari isiyobeba watu ni kabati, bwana wakili. Mimi sitaki kabati. Nataka nikienda kazi niende na... niende nayo hiyo."

Kishore alimtazama kidogo, akaandika kitu. Lile la Thérèse kuapa kwa Biblia alilikataa katakata. Mahakimu wanapima gari, alisema, hawapimi mvua.

Mkaguzi alikuja na taa yake na nyundo yake ndogo, akalizunguka gari, akaliinua, akagonga kila mahali. Ripoti yake ilikuwa nzuri kuliko walivyotumaini. Breki nzuri, injini nzuri, bodi nzuri. Jambo moja tu: chini ya kiti cha nyuma, kwenye bati la sakafu, palikuwa na kiraka cha zamani kilichochomelewa. Aliandika kwamba inaelekea ni kutu iliyozibwa, na imezibwa vizuri.

Sugow aliposikia neno kutu alimgeukia Gurmit. Gurmit, aliyekichomelea kile kiraka kwa mikono yake, aliangalia dari ya gereji yake kana kwamba kuna popo. Walipobaki wawili alisema polepole:

"Wakiuliza, sema kutu."

"Haikuwa kutu, Gurmit."

"Mimi najua haikuwa kutu, mimi nachomelea! Lakini mkaguzi amesema kutu. Yeye amesoma. Wewe nani nabishana na mkaguzi?"

Naye alikuwa na sababu. Kishore alikwisha kuwasomea masharti ya leseni: gari likishika moto, hata moto mdogo, mwenyewe anatakiwa aripoti papo hapo lipelekwe kukaguliwa, na gari lililoungua bila kuripotiwa haliwezi kuitwa la kipekee hata lipakwe dhahabu. Kishore alipomaliza kusoma alifunga jalada, akasema, "Mkaguzi ameandika kutu. Mimi sijui zaidi ya hapo." Akawatazama mmoja mmoja juu ya miwani, akawafungulia mlango.

Siku ya kesi walipanda wote ngazi za mahakama ya Corporation Street, lile jengo jekundu lenye nakshi nyingi kama keki ya harusi. Sugow alivaa suti aliyoolea. Thérèse alivaa kitenge cha sikukuu, na ingawa hakuruhusiwa kuapa alikuja na Biblia, huenda wakabadili mawazo. Madereva wenye kesi zao walijaza benchi la nyuma. Sagal aliomba ruhusa shuleni, akaja na sketi yake ya shule, akakaa karibu na Gurmit. Baba yake alishangaa kumwona. Hakuwa amemwalika, wala hakuwa amemkataza.

Mahakimu walikuwa watatu, raia wa kawaida wenye nyuso za watu wanaolima maua, na wa katikati alikuwa mama wa makamo mwenye miwani iliyofungwa kwa kamba. Kishore alizungumza vizuri. Mwanasheria wa halmashauri, binti kijana aliyekuwa na mafua, naye alizungumza vizuri. Ripoti ikasomwa, picha za gari zikapitishwa. Madereva nyuma walianza kupeana viwiko. Kisha Sugow akaitwa, akashika msahafu mkono wa kulia, akaapa kusema kweli, kweli yote, wala si kitu kingine.

Maswali ya yule binti yalikuwa ya upole. Alinunua gari lini? Anaendesha saa ngapi? Analipeleka wapi kutengenezwa? Akapiga chafya, akaomba radhi, akageuza ukurasa.

"Bwana Sugow, kuna kiraka sakafuni, chini ya kiti cha nyuma. Mkaguzi anadhani ni kutu. Ni sahihi?"

Lilikuwa swali la kupita tu. Alikwisha kuinamia ukurasa unaofuata, kalamu tayari. Neno moja lilitosha. Sugow aseme ndiyo, na kesho asubuhi atafungua mlango wa gari, afunge haraka, na Saido awepo.

Akafungua mdomo, neno likagoma. Aliiona asubuhi ile nzima mbele yake, na rangi zake, na akaona anachoombwa. Kutu hailetwi na mtu. Akisema kutu basi asubuhi ile haikuwapo, na Saido hakuwapo ndani yake, na vicheko vile havikuchekwa na mtu yeyote. Ili abaki na harufu ya mkewe ilimbidi amfute mkewe mwenyewe, tena mkono juu ya msahafu.

"Si kutu," akasema. "Ni mke wangu."

Yule binti akainua kichwa.

"Mke wangu alilichoma hilo gari," Sugow akasema. "Asubuhi ya Idi, mwaka tisini na tano."

Kishore akaiweka kalamu yake chini taratibu. Na Sugow, ambaye kwa miaka mitatu hakuwa amelitaja jina lile hata kwa bahati mbaya, akaanza kusimulia, na alipoanza hakujua namna ya kusimama. Akawaeleza uunsi ni nini. Akawaeleza chetezo. Akaeleza kwamba siku hiyo Saido alitaka gari linukie kuliko magari yote ya Waislamu wa Birmingham, akakijaza chetezo makaa mpaka juu, akakiweka sakafuni nyuma, akafunga milango, kisha mtoto akalia ndani akaenda kumnyonyesha.

"Mimi nikatoka na kanzu yangu mpya. Nikaona vioo vyeupe kwa moshi. Nikasimama hapo nikajivuna. Nikasema, leo mke wangu kafanya kazi! Jirani akapita nikamwambia, unaona? Huyo ndiye mke. Jirani akasema, naona, lakini kuna mwanga mwekundu."

Mtu mmoja nyuma alicheka, akajiziba mdomo.

"Nikapiga kelele, moto! Saido akatoka mbio na nguo ya Idi, mtoto kiunoni. Maji hakuona. Aliona sufuria ya chai. Ile chai ya wageni wote, mheshimiwa, ya maziwa na iliki na mdalasini, sufuria ya kulisha harusi. Akambwaga mtoto mikononi mwangu, akaichukua sufuria, akaimwaga yote garini."

"Chai?" akauliza hakimu wa katikati.

"Chai yote, mheshimiwa. Moto ukazimika. Gari likawa linatoa mvuke. Saido akatazama garini, akatazama sufuria tupu, akasema, haya, wageni wakija waje wanywe humu. Halafu akacheka. Alicheka mpaka miguu ikamwishia, akakaa chini barabarani na ile nguo ya Idi. Nikamwambia inuka, watu wanaona. Akaniambia, waone! Tukaenda kuswali na gari hilo hilo, vioo wazi, baridi ya Machi, vichwa nje. Mwezi mzima abiria waliniuliza kama naandaa na kifungua kinywa. Rafiki yangu akaweka kiraka. Hatukumwambia mtu. Hatukujua kwamba chai inaripotiwa."

Ukumbi ulikwisha kupasuka kwa kicheko. Yule mama wa katikati alivua miwani akafuta macho. Binti wa halmashauri alicheka na mafua yake. Thérèse, aliyemjua Saido, alicheka na kulia kwa pamoja, akiipigapiga Biblia kwa kiganja. Sugow mwenyewe alikuwa anacheka, mashavu yamelowa, na alipotazama nyuma ili acheke na binti yake aliona Sagal hacheki. Alikuwa ameinama, mikono kati ya magoti.

Mahakimu walitoka, wakakaa huko kwa muda, wakarudi. Mama wa katikati alisema mambo mawili. La kwanza, kwamba wakili wa mlalamikaji ana haki katika hoja yake: kanuni ya umri si ukuta, na kila gari lazima liangaliwe kwa hali yake lenyewe. Kishore aliketi wima. Madereva wa nyuma walifinyana mapaja, maana mlango wao ulikuwa umefunguliwa mbele ya macho yao. La pili, kwamba gari hili nalo limeangaliwa kwa hali yake lenyewe, na kwa kiapo cha mwenyewe liliungua, likazibwa, likabeba watu miaka mingi bila mtu yeyote kukagua sakafu. La kipekee ni la kipekee, alisema, na akaonekana kutaka kutabasamu, lakini si kwa maana ya kanuni. Rufaa ikakataliwa. Kibao cha leseni kirudishwe kabla ya mwisho wa mwezi.

Kwenye ukumbi wa nje madereva walimshika Sugow mkono mmoja baada ya mwingine, wakiwa na aibu ya watu waliopata kwa hasara ya mwenzao. Kishore alimwambia, "Umenipa ushindi na umenishinda siku moja," akaenda kuvuta hewa. Gurmit alisimama akikuna ndevu.

"Neno moja tu," akasema. "Kutu. Herufi nne, bwana. Nashindwa?"

"Nimeshindwa."

Gurmit akamshika bega.

Sagal alikuwa ameegemea ukuta wa vigae, mbali kidogo. Sugow akamwendea, akijiandaa kufarijiwa. Aliona hiyo ndiyo sababu mtoto kaja.

"Haya, mama," akasema. "Wametoa gari barabarani."

"Umewaambia wao kwanza," Sagal akasema kwa Kiingereza.

"Nini?"

"Ile ya chai. Ya yeye kukaa chini barabarani." Akajigonga kifua kwa kidole. "Na mimi nilikuwepo! Mimi ndiye yule mtoto! Miaka mitatu nakuomba kitu, chochote tu, kitu kidogo kabisa, unaniambia una abiria. Leo umesimama umewapa watu ambao hata hawakumjua. Wao kwanza."

Sugow alitaka kusema kwamba alikuwa anamkinga. Maneno yalifika kwenye ulimi, yakaonekana yalivyo, ya kipuuzi, akayameza. Alimtazama mtoto huyu mrefu, mwembamba, aliyemwacha mlangoni kila asubuhi ili akakae na harufu. Aibu ilimshika kama homa. Akakaa kwenye benchi la mahakama.

"Niulize," akasema. "Uliza chochote. Sina abiria."

Sagal alifikiri. Ilionekana ana maswali mengi mno, na kwamba yote yalitaka kutoka kwa mlango mmoja.

"Siku hiyo," akasema, "alicheka vipi?"

Sugow akafungua mdomo aeleze, akagundua kwamba kicheko hakielezeki. Basi mzee huyu, na suti yake ya kuolea, mbele ya Gurmit na Thérèse na askari wa mlangoni, akajaribu kucheka kama Saido. Kikatoka kitu chembamba cha ajabu. Gurmit akageukia dirishani kwa heshima. Sugow akajaribu tena, kikawa kibaya zaidi.

"Sivyo, Dad," Sagal akasema. "Alikuwa anaanza kwa kuvuta pumzi, kama amestuka. Halafu anaiachia, inashuka, inashuka. Hivi."

Akafanya. Mara ya kwanza alikuwa anaigiza tu. Kisha akaona uso wa baba yake, mdomo wazi, nyusi juu, na kicheko kikamponyoka chenyewe, kikawa chake, kikamshinda, akateleza na ukuta mpaka chini, akakaa sakafuni na sketi yake ya shule huku akishika tumbo. Thérèse alishika kifua akaita jina la Saido kwa sauti. Askari wa mlangoni aligeuka kuwatazama.

Sugow aliisikia ile sauti ikijaa ukumbini, nzima, haikupungua chochote, na akaelewa kwamba kwa miaka yote mitatu ilikuwa ikilala chumba cha pili kutoka chake. Akamnyooshea binti yake mkono amwinue. Badala yake naye akashuka, akakaa pale chini pamoja naye.